Muulize Mjomba: Mashine Haijasahau, Umesahau Wewe

Wapwa zangu, juma hili barua za fumanizi na mahari nimeziweka kando. Kapu limejaa watu wazima, wenye kazi na watoto, wanaohangaika kucheza kwenye laptopu gemu walizozicheza wakiwa na sare za shule. Wote wanailaumu emuleta, ile programu inayoifanya kompyuta ijifanye PlayStation au mashine nyingine ya zamani. Mjomba amezisoma zote, na anajibu kwa mpangilio wa machozi, akianza na aliyelia kidogo.

*

*Mjomba, shikamoo. Nimepakua DuckStation nicheze gemu zangu za PlayStation ya kwanza. Diski ninazo, za kwangu, tangu shule ya msingi. Programu inafunguka vizuri lakini gemu haiwaki. Inasema haioni BIOS. Kijana wa stesheneri anataka elfu ishirini anitafutie. Nimpe?*
*Mwenye Diski, Tabata*

Marahaba, mpwa wangu. Usimpe. BIOS ni programu ndogo iliyokaa ndani ya chipu ya mashine yenyewe. Ndiyo iliyoamka kwanza ulipobonyeza swichi, ikapiga ule mlio mzito, ikaonyesha nembo, kisha ikaikabidhi diski kazi. Kwa mashine yako ina kilobaiti 512 tu. Emuleta inaiga prosesa, memori na mambo ya picha, lakini BIOS haiji nayo kwa sababu ni mali ya Sony. Emuleta na diski bila BIOS ni bwana harusi na bibi harusi bila walii: wote wamependeza, ndoa haifungwi.

Umesema diski ni zako. Na mashine je? Kama bado iko juu ya kabati, BIOS yako imo humo, na njia za kuinakili zipo. Ukishaipata, ingia kwenye mipangilio ya DuckStation, sehemu ya BIOS, uielekeze kwenye folda ulimoiweka. Diski zenyewe zinasomeka kwenye kiendeshi cha kawaida cha DVD, basi zinakili mapema kabla mikwaruzo haijazimaliza. Ile elfu ishirini tafutia pedi ya USB.

*

*Mjomba, mimi napenda vitu nadhifu. Kaka alinipa gemu zake kwenye flashi, faili zenye majina marefu, mabano na namba. Nikazipa majina ya kueleweka: Magari, Ngumi, Mpira. Sasa hakuna hata moja inayofunguka, na kaka anasema nimeziua.*
*Mpenda Usafi, Nakuru*

Hujaua kitu. Kila gemu ilikuwa na faili mbili: ya .bin, kubwa, yenye data ya diski, na ya .cue, ndogo mno. Hiyo ndogo ni maandishi matupu. Ifungue kwa Notepad utakuta mistari michache. Wa kwanza unaanza na neno FILE, halafu jina la faili kubwa ndani ya alama za kunukuu, halafu BINARY. Emuleta inausoma mstari huo ili ijue data iko wapi. Wewe umelipaka rangi jina la nje, ndani bado limeandikwa lile la zamani, na programu inamtafuta mtu ambaye nyumba nzima haimjui tena.

Futa jina la zamani, andika Magari.bin herufi kwa herufi, hifadhi, fungua. Zipo gemu zenye faili za .bin kadhaa, kwa kuwa muziki wake ulikaa kwenye nyimbo za CD peke yake. Hizo zirudishie majina yake na uziache. Ukitaka unadhifu wa kweli, zigeuze ziwe CHD, umbo linalobana .bin na .cue kuwa faili moja ambayo DuckStation inaisoma. Hiyo hata ukiiita Maharage itafunguka. Kaka mwambie apunguze maneno makali kwa mdogo wake.

*

*Mjomba, nilikuwa bingwa wa Contra mtaani kwetu, kwenye Terminator, ile mashine ya kaseti za njano zilizoandikwa gemu 9,999,999 na ukifungua ni zilezile chache. Leo naicheza kwenye laptopu na kila kitu kinakimbia: muziki, risasi, hata kufa kwangu. Mwanangu anasema ni uzee.*
*Bingwa wa Zamani, Moshi*

Mwanao amekosa adabu na hesabu kwa pamoja. Kasi unayoiona sasa ndiyo waliyoikusudia waliotengeneza gemu. TV zetu zilikuwa za PAL, picha 50 kwa sekunde, na mashine zilizoletwa huku zilitengenezwa zifuate mwendo huo. Contra na wenzake waliandikwa kwa soko la Japani na Marekani, picha 60 kwa sekunde, na gemu za wakati ule zilipima muda kwa kuhesabu picha. Toa 10 kwenye 60, gemu nzima inapungua kasi kwa moja ya sita. Maana yake maadui wote uliowaangusha utotoni walikuwa wamechelewa. Ulikuwa bingwa, ndiyo, lakini bingwa wa bei ya punguzo.

Dawa ipo. Kwenye emuleta kama Mesen au FCEUX tafuta chaguo la eneo. Usichague PAL, kwa sababu mashine ya Nintendo ya PAL ilipunguza na mwendo wa prosesa, sauti ikashuka na kuwa nzito. Chagua Dendy. Hilo ni jina la mashine ya kuiga iliyoanza kuuzwa Urusi mwaka 1992, ndugu wa damu wa Terminator yako: picha 50, sauti karibu sawa na ya asili. Cheza hapo urudishe heshima nyumbani. Mwanao akikuuliza umefanyaje, mwambie ni mazoezi.

*

*Mjomba, nimeipata bastola yangu ya Duck Hunt kwenye sanduku la mama. Nimeitafutia waya, nimeichomeka, emuleta inawaka kwenye TV ya flati ya inchi 43. Nalenga bata sentimita tano toka kiooni, sipati hata mmoja. Mbwa wa kwenye gemu ananicheka mbele ya watoto wangu.*
*Baba wa Wawili, Morogoro*

Mbwa huyo amecheka wanaume wengi tangu 1984, usijione umeonewa. Bastola yako haikuwahi kurusha kitu, mpwa wangu, ilikuwa jicho. Ulipovuta kifyatulio, gemu ilikifanya kioo kiwe cheusi kwa picha moja, kisha ikachora mraba mweupe mahali alipo bata. Jicho likiona giza halafu mwanga, umepiga. Likiona mwanga muda wote, gemu inajua umeelekeza kwenye balbu. Yote hayo yalikwisha kabla hujapepesa.

Ujanja huo unaitegemea TV ya chogo, ambayo huchora picha papo hapo, mstari baada ya mstari. Flati hupokea picha, huichakata, ndipo huionyesha. Mraba mweupe unafika jicho lilishafunga ofisi. Na mwanga wa flati haumetimeti kwa namna ambayo bastola ilifundishwa kuitambua. Kwa hiyo una njia mbili: uokoe chogo la jirani kabla halijatupwa, au kwenye emuleta uikabidhi kipanya kazi ya bastola.

Mbwa atakucheka vilevile ukikosa, ila Mjomba anakupa siri ya kunyamazisha watoto. Katika mchezo wa bata mmoja, mwenye pedi ya kawaida anaweza kumwendesha bata. Wengi walikua bila kulijua hilo. Mpe mwanao pedi awe bata, wewe shika kipanya. Mkubwa akichoka, mdogo anaingia.

*

*Mjomba, nimeolewa miaka minne. Mimi na mume wangu tunacheza gemu ya mpira, PES 6, kwenye PCSX2, emuleta ya PS2. Yeye hucheza na Inter, kwa sababu ya Adriano. Mimi Merseyside Red. Kila nikimfunga, anabonyeza kitu na mechi inarudi nyuma kabla ya goli langu. Akifunga yeye, hairudi. Nifanyeje?*
*Mnyonge, Kisauni*

Pole sana, mwanangu. Kwanza, mtu aliyemchukua Adriano mwenye nguvu ya shuti 99 na bado anahitaji msaada, huyo tatizo lake halianzii kwenye kompyuta.

Anachokifanya kinaitwa hifadhi ya papo. Emuleta inaichukua hali nzima ya mashine, kila kitu kilichomo kwenye memori kwa sekunde hiyo, na kuiweka kwenye faili. PCSX2 inahifadhi kwa F1 na kurejesha kwa F3. PS2 halisi haikuwa na kitu hicho. Ilikuwa na kadi ya memori ya megabaiti 8, na kadi haikuwahi kumfutia mtu goli. Mumeo akikwambia hata kwenye kibanda cha gemu ilikuwa hivyo, muulize kibanda gani.

Leo akienda kuoga, ingia kwenye mipangilio ya vitufe vya mkato, ondoa F3. Usimwambie. Mfunge, umwache abonyeze. Kama una roho nzuri, mwachie ahamie DuckStation kwa gemu za PlayStation ya kwanza: kule F2 ndiyo inayohifadhi na F1 ndiyo inayorejesha. Kwa mazoea yake ya PCSX2, atabonyeza F1 akidhani anahifadhi ushindi, kumbe anaufuta. Mjomba haamini katika kisasi, lakini anaamini katika mipangilio ya awali.

*

*Mjomba, rafiki amenijazia gemu 4,000 kwenye flashi. Kila usiku napitia orodha mpaka usingizi unanichukua. Sijamaliza hata moja. Halafu binamu yangu aliyesoma sheria ananitisha kwamba emuleta ni wizi.*
*Tajiri wa Gemu, Mwanza*

Binamu yako amechanganya faili. Mwaka 1999 kampuni ya Connectix ya Marekani ilitoa Virtual Game Station, iliyochezesha gemu za PlayStation kwenye Mac. Sony ikashtaki. Februari 2000 mahakama ya rufani ikasema kuichambua BIOS ili uandike programu yako mwenyewe ni matumizi halali. Mwaka uliofuata Sony ikainunua programu ile ile na kuizima. Emuleta, basi, si wizi. Gemu 4,000 ambazo hukununua ni kesi nyingine, na uzee wa gemu haufuti hakimiliki yake. Nakiri kwamba mwenye nia njema naye anateseka: Video Game History Foundation ilionyesha mwaka 2023 kwamba asilimia 87 ya gemu za zamani zilizotoka Marekani kabla ya 2010 haziuzwi tena. Unakwenda dukani na pesa, muuzaji hayupo.

Ugonjwa wako wa pili ni mzito kuliko wa kwanza. Super Mario Bros. ina kilobaiti 40, ndogo kuliko picha moja uliyopiga ya ugali wako. Ndiyo maana flashi inameza zote bila kucheua. Sisi tulizimaliza gemu kwa sababu kaseti ilikuwa moja na mwenyewe alikuwa anairudia Jumapili. Mshika mbili moja humponyoka. Wewe umeshika 4,000. Chagua tatu, futa zilizobaki, na anza na ile unayokumbuka uliishia wapi.

*

*Tangazo kwa wote: Mjomba hatoi faili za BIOS, hata ukimwita baba mdogo. Anayeandika kwamba emuleta yake imeharibika aeleze kwanza ni kitu gani alikibadilisha yeye mwenyewe.*