Leseni ya Baba Watoto

Mama mkwe wangu haamini kwamba vitu hupotea. Kwake yeye kitu huchukuliwa, na aliyekichukua ana jina, ana kwao, na aghalabu yumo humo humo ndani. Ndiyo maana Ijumaa ile jioni, mwaka 2023, mume wangu alipotoka chumbani mifuko ya suruali ikining'inia nje kama masikio ya mbuzi, akatangaza kwamba leseni yake ya udereva haionekani, mama hakumuuliza ameiweka wapi. Aliuliza, "Wiki hii nani na nani wameingia humu?"

Walikuwa wengi. Sisi wa Rebero tunakaa juu, mji wa Kigali tunautazama kwa chini, lakini maji ya bomba yana uvivu wa kupanda huku, kwa hiyo fundi wa tangi ni kama ndugu. Alikuja fundi, akaja kijana wa gesi, akaja mwalimu wa twisheni, akaja na shemeji yangu kuazima tai. Huyo shemeji ndiye aliyekuwa na jambo lake kesho yake: kupeleka mahari Nyamata, Bugesera. Na dereva wa wazee alikuwa mume wangu.

Tukapekua. Godoro likasimamishwa ukutani, makochi yakavuliwa mito, friji ikasogezwa. Zikaonekana sarafu za Uganda, jino la mtoto, na rimoti ya televisheni tuliyokwisha kuiuza. Leseni hapana. Kitinda mimba wetu alikuwa ameweka kigoda mlangoni, amejivika beji yake yenye kamba ya buluu, kila anayeingia chumbani anamwandikisha jina na kumwuliza anakwenda kumwona nani. Bibi yake akamsifu: "Huyu ndiye pekee anayefanya kazi."

Saa 3 usiku macho yote yakahamia jikoni. Hili nitalisema hata kama watu wa nyumbani watanuna: katika nyumba zetu, iwe Kigali, Dar es Salaam au Nairobi, kitu kikikosekana begi la kwanza kufunguliwa ni la dada wa kazi. Hakuna anayetoa amri. Sauti zinashuka tu, mtu mmoja anapita jikoni mara mbili bila shughuli, na dada anaelewa. Wetu alielewa. Akaenda chumbani kwake, akarudi na begi, akalimwaga lote sebuleni, kwenye zulia: nguo, kitabu cha akiba, picha za mamaye, mafuta ya kujipaka.

"Tafuteni," akasema.

Mume wangu akainamisha kichwa. "Hapana, dada, hatukusema ni wewe."

"Hamkusema. Ndiyo maana nimeleta."

Mama mkwe peke yake ndiye aliyeinama, akafungua kitabu cha akiba, akakitikisa, akakifunga. Hakikuanguka kitu. Dada akakusanya vyake kimyakimya na usiku ule chai tukapika wenyewe.

Kesho yake baba watoto alishauri aendeshe hivyo hivyo, kwa kuwa "polisi wananijua". Polisi wa barabarani wa Rwanda hawamjui mtu. Ufunguo nikauchukua mimi. Mimi nilijifunzia gari Tanga, kule tunakopita kushoto, na ingawa leseni ya hapa ninayo na kulia nimeshazoea, mama mkwe hakuwahi kukubali kwamba mkono wangu umehama. Akakaa mbele, mkanda ameufunga, rozari mkononi, kazi yake ikiwa kunikumbusha: "Kulia, binti yangu. Kulia." Wazee wawili wakakaa nyuma, na mume wangu, mtu mzima na suti yake, akabanwa kati ya dirisha na kreti ya fanta.

Kutoka Rebero hadi Nyamata ni mwendo mfupi, kama kilomita 30: unateremka, unapita Gahanga penye uwanja wa kriketi, unavuka Nyabarongo, umefika Bugesera. Lakini ukiwa na wazee, mahari na Sofiya njiani, kilomita hizo hurefuka. Sofiya ndilo jina Wanyarwanda walilozipa kamera za mwendokasi. Binti huyo hasikii samahani, na bili yake humfikia mwenye gari kwenye simu. Kila tulipokaribia nguzo yoyote iliyosimama vibaya, sauti ya mume wangu ilitoka nyuma ya kreti: "Sofiya hiyo!" Ilikuwa nguzo ya umeme. Tulifika salama, posa ikakubaliwa, na wazee wakarudi wakinisifu mimi, jambo ambalo halikumfurahisha aliyebeba kreti.

Jumatatu akaenda kituo cha RIB, Idara ya Upelelezi ya Rwanda, kuchukua hati ya kupotelewa, maana wakati huo bila hati hiyo usingeweza kuomba leseni nyingine. RIB iliundwa kwa sheria ya mwaka 2017 na ina kesi nzito kuliko yetu, lakini afisa alimpokea vizuri, akamwuliza lini na wapi, basi. Hakuuliza nani. Ugomvi ulikuwa umeanza nyumbani kabla hajatoka. Mume wangu alitaka kueleza kwamba leseni ilipotelea nyumbani. Mama akakataa katakata.

"Nyumbani kwako kukipotea kitu ina maana pana mwizi. Na mwizi hujamtaja. Sema barabarani."

"Mama, barabarani sikumbuki."

"Na nyumbani unakumbuka?"

Alisema "Kigali", na serikali ikaridhika.

Mimi nilidhani jioni ile ile tutaomba leseni mpya. Mama akaweka pingamizi: pesa haitoki kabla majirani hawajasikia. Zamani angekimbilia Radio Rwanda, ambako matangazo ya vitu vilivyopotea yalisomwa na nchi nzima ikatega sikio. Sasa akasema tutangoja umuganda. Umuganda ni Jumamosi ya mwisho ya mwezi, saa 2 asubuhi hadi saa 5, kila mwenye miaka 18 hadi 65 anatoka na jembe au panga kufanya kazi ya mtaa, kisha watu wanakaa kikao cha mudugudu, yaani kitongoji. Mama amekwisha pita umri wa kulazimika, ila hakosi kikao hata kimoja. Tulizibua mfereji, tukafyeka majani, tukaketi. Mkuu wa mudugudu alipofika kwenye matangazo, mama akasimama na karatasi aliyoiandika mwenyewe.

Alisoma jina la mwanawe, la babake na la mamake, yaani yeye. Akasoma kwamba leseni ni ya daraja B, kwamba pichani amenuna ingawa kwa tabia si mkali, kwamba alilelewa Karagwe, Tanzania, ambako familia ilikaa ukimbizini hadi 1994, na kwamba tangu utotoni hakuwahi kupoteza kitu. "Hata kalamu ya shule," akaongeza, akavua miwani. Mume wangu alikuwa akichora mistari ardhini kwa ncha ya jembe. Majirani wakaleta walivyowahi kuokota: funguo za pikipiki, miwani isiyo na mkono, kadi ya kliniki ya mtoto. Leseni hapana.

Basi Jumatatu nikamsindikiza kwa wakala wa Irembo, chini kidogo ya kwetu. Irembo ni mlango wa huduma za serikali kwa mtandao tangu 2015. Mwenye simu ya kitochi anabonyeza *909#, mwenye kompyuta anajihudumia, na mwenye mume kama wangu anakwenda kwa wakala. Alikuwa msichana mdogo, vidole vyake vyepesi. Akachukua kitambulisho cha taifa, akaingiza namba, ikaja namba ya bili, mume wangu akalipa kwa simu, kupitia MoMo. Tukawa tunangoja ujumbe wa malipo, na msichana kwa kutaka kuzungumza tu, akasema: "Kumbe mzee nawe ni mteja wetu wa zamani. Hiki si kitambulisho chako cha kwanza."

Nikamwuliza amejuaje. Akanigeuzia kadi. Namba ya kitambulisho cha Rwanda ina tarakimu 16 na kila moja ina kazi yake. Ya kwanza ni 1 kwa Mnyarwanda. Nne zinazofuata ni mwaka wa kuzaliwa. Kisha 8 kwa mwanamume au 7 kwa mwanamke. Kisha saba za mfuatano. Halafu moja inayoonyesha kadi imetolewa upya mara ngapi, na mbili za mwisho ni za usalama. Asiyewahi kupoteza ana 0 pale. Baba watoto, yule wa hata kalamu ya shule, alikuwa na 1.

"Ulipoteza lini?" nikamwuliza.

"Kabla hatujaoana."

"Wapi?"

Akakohoa. "Nilikiacha getini kwenye jengo fulani. Si unajua wanavyochukua kitambulisho wakupe beji? Nikatoka kwa mlango mwingine. Tangu siku hiyo nikaapa getini siachi kitambulisho. Huwa natoa..."

Akanyamaza. Simu yake ikalia: malipo yamepokelewa.

"Huwa unatoa nini?"

"Perimi," akasema, yaani leseni yenyewe.

Hapo hapo nikaiona kamba ya buluu, na kigoda mlangoni, na mwanangu akituandikisha majina.

Tulikwenda moja kwa moja mjini, kwenye jengo ambalo sitalitaja. Mlinzi hakushangaa. Alitoa chini ya meza boksi la viatu, ndani yake kadi zimefungwa kwa mipira mafungu mafungu: vitambulisho, leseni, kadi za wanafunzi, hata kadi moja ya maktaba. Mume wangu akajiona humo, amenuna kama mama alivyoeleza. Akanyoosha mkono. Mlinzi akavuta boksi.

"Beji yetu iko wapi?"

Beji ilikuwa Rebero. Tukapanda mlima, tukamkuta mwenye nayo kazini. Hakuitoa mpaka baba yake aliposaini daftari la wageni, na sahihi ya kwanza aliikataa kwa kuwa ilitoka nje ya mstari. Tukashuka tena. Leseni ikarudi, lakini hati ya RIB ilikwisha kusema imepotea na ya pili ilikwisha kulipiwa. Mpya ilipotoka, ile ya zamani akaisalimisha polisi, na pesa yake hakuidai.

Ilibaki kesi ya nyumbani. Mama mkwe alijaribu kuimaliza kiutu uzima: akamnunulia dada kitenge, akakiweka mezani jikoni bila neno. Dada hakukigusa. "Bibi, begi nililimwaga mbele ya watu. Nataka useme mbele ya watu." Nilidhani nyumba itawaka. Mama akafikiri, akatuita sote sebuleni, na shemeji akaitwa kwa simu. Akasema, amesimama pale pale kwenye zulia, kwamba alimdhania mtoto wa watu vibaya na anaomba radhi. Kisha akamgeukia mwanawe na kutoa hukumu: hati zote za nyumba hii, kuanzia vyeti vya kuzaliwa hadi kadi ya gari, zitakaa kwenye droo moja yenye ufunguo, na ufunguo atakaa nao dada. Hukumu hiyo inatekelezwa hadi leo. Mume wangu akitaka kadi ya gari, anaiomba jikoni.

Nawe msomaji, boksi lile halikuwa na leseni ya mume wangu peke yake. Kama ndani ya gari lako au katika vitu vya watoto kuna beji ya mgeni yenye namba, irudishe wiki hii, na uulize wanakokuwekea kadi yako.