Nimelipia Kutazama Choo

Malindi, Kenya

Yaya,

Wasomee wazee barua hii kwa sauti, lakini ngoja kwanza wamalize kula, maana inaanzia chooni. Jumamosi jioni nimetoa pesa niliyoitolea jasho, bila kulazimishwa na mtu, nikaenda kutazama choo cha tajiri aliyekufa miaka zaidi ya mia nne iliyopita. Tulikisimamia kimya, watu wazima kumi na kitu, huku kiongozi wa msafara akieleza kwa mikono yote miwili tajiri alivyokuwa akichutama na maji ya kunawa yalivyokaa. Wazungu wakapiga picha. Na mimi nikapiga. Nimewatumia hapo chini. Ile yenye shimo katikati ndiyo hiyo, msidhani simu imeharibika.

Baba mkubwa atauliza kama hayo ndiyo niliyoyafuata ughaibuni, wakati choo tunacho uani na hakuna aliyewahi kulipa kuingia. Namwomba asubiri kidogo.

Habari za kazi ni zilezile: nashona, wanavaa, wanadai punguzo. Ila nina mteja mmoja, mzee wa Kiitaliano, ambaye ameapa hatavaa tena shati lisilo la kitenge. Mjue kwamba Malindi imejaa Waitaliano, hata kijana wa madafu atakusalimu kwa Kiitaliano kabla hajaona rangi yako. Basi mzee huyo alikodi gari kuwapeleka wageni wake kwenye magofu ya Gede, karibu na Watamu, ziara ya jioni jua likishapoa. Kiti kimoja kikabaki. Akanikumbuka fundi wake. Usafiri bure, kiingilio kila mtu ajitegemee.

Hapo kwenye kiingilio ndipo nilipokutana na mambo. Mfukoni nilikuwa na shilingi za Kenya, na nyuma yake ile noti ya dola kumi uliyonipigia pasi siku naondoka, Yaya, ukaitia ndani ya Biblia isikunjike. Kwetu Bunia noti ya dola ikiwa na mchaniko wa ukucha tu, muuza mafuta anaigeuzageuza juani, anainyoosha, anakurudishia na kukutazama kama mgonjwa. Nimekuja Kenya na ujuzi wangu wote wa kukagua noti, na hapa hawana haja ya noti yoyote, iwe nzima au mbovu. Dada wa dirishani alinionyesha ubao: lipa kwa simu. Sawa, simu ninayo. Simu ikauliza jina. Ikauliza namba ya kitambulisho. Ikataka nchi, nikateremka orodha mpaka kidole kikachoka, nikakuta Kongo mbili zimefuatana, na ilinibidi nitulie nisije nikajikuta raia wa Brazzaville kwa sababu ya dole gumba. Kisha ikauliza swali kubwa: wewe ni raia wa hapa, ni mtu wa Afrika Mashariki, au ni mgeni wa mbali? Bei zinapishana vibaya sana.

Yaya, nilinyooka. Nilimwambia dada yule kwamba Kongo imo ndani ya Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu 2022, kwamba sahihi ilitiwa mwezi wa nne, na kwamba tangu siku hiyo Afrika Mashariki inaanzia kwenye mawimbi haya ya Malindi inaenda kuishia Atlantiki, kule Moanda. Nikamtajia Kasenyi ya kwetu. Nikamtajia Mahagi. Foleni ya Waitaliano nyuma yangu ilinyamaza kwa heshima, walidhani ndiyo ziara imeanza. Dada akangoja nimalize, akasema, "Kaka, mimi sijakukatalia. Bonyeza tu hapo katikati." Nikabonyeza. Ujumbe ukaingia, simu ikabaki na chaji ya kufa nayo, tukapita.

Kiongozi wa msafara ni mtu wa hapahapa, Mgiriama, na kwa sababu ya wageni aliongoza kwa Kiitaliano. Sasa piga hesabu: mtu wa pwani anaeleza mji wa Waswahili kwa lugha ya Roma, na mtoto wa Bunia anamfuata nyuma akiokota maneno yanayofanana na Kifaransa cha masista. Kwa muda mrefu niliamini mji ulijengwa na mtu aitwaye Corallo. Kumbe anasema matumbawe: nyumba zote zimejengwa kwa mawe ya bahari na chokaa. Hatimaye akanionea huruma, akawa anamaliza kila kituo kwa Kiswahili, kwa ajili yangu peke yangu.

Na mji wenyewe, mzaha pembeni, ni mji kweli. Uko ndani ya msitu, mibuyu imeota kwenye vyumba vya watu. Kuna ikulu, kuna msikiti mkubwa na kisima chake, kuna kaburi lenye tarehe iliyochorwa, mwaka 802 wa Hijra, ambao kwa hesabu yetu ni 1399. Bahari iko kilomita kadhaa, huioni wala huisikii, lakini ndani ya nyumba hizi walikuta bakuli za kaure kutoka China. Mzungu aitwaye James Kirkman alikuja kuchimbua mwaka 1948, akaendelea miaka kumi. Mwaka 2024 UNESCO wakautia kwenye orodha ya urithi wa dunia. Kwenye orodha hiyo sisi tuna sehemu tano: Virunga, Garamba, Kahuzi-Biega, Salonga, na Okapi ya kwetu Ituri tangu 1996. Zote tano ni pori na wanyama. Inaelekea waliotumwa Kongo walipita nyuma ya nyumba zetu, wakamwona okapi, wakarudi kuandika ripoti.

Katika msafara kulikuwa na mama mmoja aliyekwisha kutembea Mexico, kwenye magofu ya Wamaya, na hakutaka tusahau. Tukifika ukutani, anasema Chichén Itzá kuna piramidi yenye ngazi 91 kila upande, pande nne, ukiongeza kidato cha juu unapata 365, siku za mwaka. Tukifika kaburini, piramidi. Tukifika chooni, mara hii alinyamaza, nadhani Wamaya hawakumwonyesha chao. Akasema pia kwamba ukisimama chini ya ngazi zile ukapiga makofi, mwangwi unarudi kwa sauti ya ndege. Akatuonyesha. Akapiga makofi mbele ya ikulu ya Gede, pa, pa, pa, akainua kidole tusikilize. Ndege hakuja. Walikuja kima. Walishuka mtini familia nzima, mama na watoto mgongoni, maana hapa makofi ni dalili ya ndizi. Wakamkagua mkoba. Kisha wakanigeukia mimi, wakanitazama sana, wakarudi nyuma hatua mbili, nahisi wanafahamu watu wa msitu wa Ituri jikoni kwao kuna nini.

Yule mama ndiye aliyeuliza swali ambalo wageni wote huuliza: watu wa mji huu walipotelea wapi? Waliutoka mwanzoni mwa karne ya 17. Wengine husema visima viliishiwa maji. Wengine wanawataja Wazimba, walioivunja Mombasa mwaka 1589 wakapanda kuja Malindi, mpaka Wasegeju walipowakomesha. Wengine Wareno, wengine Waoromo walioteremka kutoka kaskazini. Mama akatikisa kichwa, akasema hata Wamaya walitoweka hivyohivyo. Kiongozi akacheka: Wamaya wapo, mama, mamilioni, na lugha zao wanazungumza hadi leo. Na wa hapa je? Akanyoosha mkono kuelekea barabarani, kunakopita matatu za Malindi.

Sikusema kitu, lakini moyoni nilishangaa. Nani wa kwetu angeuliza swali lile? Mwezi wa tano 2003 tulipokimbia vita tukashika njia ya Beni kwa miguu, kama mtu angechungulia uani kwetu Mudzipela angeona sufuria jikoni na kuku wanaparua, angeandika kitabu: walipotea, haijulikani kwa nini.

Kirkman alizipa nyumba majina kutokana na vitu alivyovikuta ndani. Kuna Nyumba ya Bakuli la Kaure. Kuna Nyumba ya Taa ya Chuma, taa yenyewe ilitoka India. Kuna Nyumba ya Ushanga wa Venice. Hapo Waitaliano walipeana mikono, wakapiga picha ya pamoja, ushanga mmoja tu umewarudishia kiingilio chote. Na kuna Nyumba ya Mkasi. Mkasi wa Hispania, waliukuta humo ndani. Mimi fundi nikabaki mlangoni, gari likanisubiri. Mama, wewe unajua. Mtu hasahau mkasi mzuri. Siku ile ya Beni uliufunga mkasi wako kwenye ncha ya kitenge kabla hujamfunga mtoto mgongoni, Baba akapaza sauti kwamba unaokoa chuma, ukamjibu kwamba chuma hicho ndicho kitakachomlisha. Na kikatulisha, Beni yote. Kilichosahaulika ni redio yake, ile ya betri sita, na habari za redio hiyo tumezisikia kuliko tulivyowahi kuisikia yenyewe. Kwa hiyo Kirkman angetuchimbua sisi, tungeitwa Nyumba ya Redio. Baba afurahi, hatimaye jina limetoka kwake.

Kabla ya kuondoka kiongozi alituonyesha jambo la mwisho, na hili ni la mzee wetu Koko, msogezeeni kiti. Kando ya magofu kuna mradi uitwao Kipepeo, tangu 1993. Wakulima wanaoishi pembezoni mwa msitu wa Arabuko-Sokoke wanafuga viwavi. Ndiyo, Koko, viwavi. Wanawachumia majani, wanawalinda na siafu, na kiwavi akishajifungia kwenye ganda lake hasubiriwi atoke. Anafungwa vizuri, anapandishwa ndege, anapelekwa Ulaya na Marekani, akatokee huko kwenye bustani za vioo, watu walipie kumwona akipeperuka. Wakulima wanapata pesa, na msitu haukatwi, maana ndio unaowalisha wadudu wao. Ni akili, sipingi. Lakini wewe uliyewala viwavi wa Mambasa ya kwetu kwa chumvi na pilipili tangu ujana, hebu jumlisha nauli uliyoimeza. Kiwavi anatoka hapa kwa ndege. Mimi nilifika kwa basi, Kampala, Nairobi, Mombasa, miguu imevimba.

Jua lilipozama tulikuwa njiani, na joto halikuzama nalo. Huku usiku watu wanalala juu ya shuka. Mkilalamika baridi ya asubuhi huko Bunia, mnikumbuke, mnitumie picha ya mtu amevaa sweta.

Sasa shughuli. Yaya, mawese niletewe na yule dereva wa Kampala, katika chupa mbili ndogo, usitie kwenye begi la nguo kama mara ile. Makayabu, wale samaki wa chumvi, usitume, majirani wa hapa wana pua. Ile dola kumi narudisha, bado imenyooka, mnunulie Koko sukari kabla haijapata kovu. Baba, redio nimeiona sokoni, ya betri nne, inashika masafa mafupi. Nasubiri mzee wa Kiitaliano alipe mashati mawili. Na Mama, kuhusu ule mkasi, najua umesema utaniachia. Siharakishi. Nauliza tu kama bado unawakatalia watoto kukatia karatasi.

Mwanenu wa Malindi