Fizi Zangu na Safari ya Karema

Nilipofungasha kwenda Karema nilibeba chaja mbili, tochi, chandarua, hata kopo la pilipili, maana siamini mboga za watu. Mswaki nikauacha Dar es Salaam, umesimama bafuni kwenye kikombe chake kama mpangaji aliyelipa kodi ya mwaka.

Nilishtukia nikiwa Mpanda. Duka la jirani na gesti lilikuwa na mswaki mmoja tu, mgumu, kwa maoni yangu wa kusugulia masufuria. Nikausugua kwa hasira, kama fundi anayepiga mlango msasa. Nikatema: wekundu mtupu.

Basi nikajifanya mjanja, nikaacha kupiga mswaki ili fizi zipumzike. Zipumzike na kazi gani? Damu yenyewe inaletwa na utando wa vijidudu unaojishikiza kwenye shina la jino. Ukiuacha, baada ya siku chache unaanza kukauka kuwa ugaga, na ugaga hautoki kwa mswaki, unataka vyuma vya daktari. Haya yote mwanangu wa darasa la tatu huniimbia kila jioni. Nani amsikilize mtu asiye na meno mawili ya mbele?

Siku ya tatu, Karema, bibi mwenye nyumba akaniangalia nikihangaika na samaki, mgebuka. “Mjukuu wangu, mbona unatafunia upande mmoja?” Nikafunua mdomo. Akaguna, akaenda uani, akarudi na kijiti cha mwarobaini. Nitafune ncha mpaka ichanue, kisha nisugue taratibu, nisiparure. Uchungu wake ulipanda hadi masikioni! Jioni akanipa maji ya uvuguvugu, glasi moja kwa nusu kijiko cha chai cha chumvi ya Uvinza, nisukutue niteme. Mimi nilitaka kuipaka chumvi kavu kwenye fizi, nimalize kesi siku hiyohiyo. Akaninyang'anya kijiko.

Kilichoniuma zaidi ni kwamba bibi amevuka sabini na anavunja muwa kwa meno yake mwenyewe, huku mimi, mtu wa mjini, nikipewa uji.

Baada ya wiki damu ikakoma. Siku ya kuondoka akanifungia vijiti vitano kwenye gazeti. Ndani ya basi abiria wa pembeni akaniomba kimoja. Nikampa kwa fahari, nikaanza kumhubiria habari za utando na ugaga. Alinisikiliza kwa adabu kabisa, huku akikichokonolea sikio.