Nalala Jerusalem, Nafutwa Kazi Jericho

Mjomba, shikamoo. Shangazi, shikamoo. Nyie wengine wa barazani Ngamiani, Tanga, asalaam aleikum, na aliyekalia nafasi yangu ajue nitarudi.

Najua mnacheka mkisikia barua ya ughaibuni. Mjomba ulisema ughaibuni ni mahali panapofikiwa kwa ndege, na mimi nilipanda basi, nikavuka mpaka wa Horohoro nimepakata mfuko wa mihogo ya kukaanga. Lakini ugeni haupimwi kwa nauli. Watu wa hapa wanasema Kiswahili, na hicho ndicho kilichonipoteza. Ningekwenda Ujerumani, angalau ningejua kwamba sielewi.

Anwani yangu ni hii: nalala Jerusalem, nafanya kazi Jericho. Usishtuke, Shangazi, sijabadili dini. Ni mitaa ya Eastlands, Nairobi, na inapakana, naenda kwa miguu. Kazi ni kushona sare za shule, katika soko la Uhuru kando ya Jogoo Road. Januari hii Nairobi nzima inalia njaa, hata mwezi wenyewe wameubatiza Njaanuari, ila kwa mafundi wa sare ndiyo mavuno. Shule zikifunguliwa kila mzazi anataka sketi jana.

Mwenye kibanda ni mama wa makamo. Jina lake nalihifadhi kwa usalama wangu. Sote tunamwita Madam. Mmesikia kuta za Jeriko ya vitabuni ziliangushwa kwa kelele baada ya watu kuzizunguka siku saba? Madam angekuwepo, wangemaliza siku ya kwanza kabla ya chai.

Asubuhi yangu ya kwanza niliingia na adabu zote mlizonifunza. "Shikamoo, mama." Akanitazama juu hadi chini. "Shikamoo? Kwani nimezeeka?" Nikarudi nyuma nikaanza upya: habari za asubuhi, za nyumbani, watoto wameamkaje. Akaningoja, kisha akauliza, "Umemaliza? Sasa kola ziko wapi?"

Siku ya tatu, kijana wa kukata nyuzi alinidaka mlangoni. "Fundi, chunga, mdosi amejam." Mdosi ni bosi, hilo nilishalijua. Na jam hapa ndiyo ile tunayoiita foleni. Nikaelewa kwamba Madam amekwama ndani ya matatu huko Jogoo Road. Basi nikavua viatu, nikaagiza chai ya rangi, ambayo hapa inaitwa strungi, nikaanza kumsimulia kijana kwamba kwetu Tanga bosi akichelewa ni rehema. Kijana akawa ananitolea macho, nami nikadhani hadithi imemkolea. Mara pazia la nyuma yangu likafunguka.

Kujam, ndugu zangu, ni kukasirika.

"Nimekufuta!" Madam alipiga kelele mpaka wauza vifungo wa ng'ambo wakasimama. Sasa kwetu mtu huachishwa kazi. Kinachofutwa ni meza na ubao. Nikamuuliza kwa heshima zote, "Kwa kitambaa gani, mama?" Wallahi sikukusudia jeuri. Lakini soko lilicheka, na nikafutwa mara ya pili papo hapo. Nikakusanya mkasi na futi yangu. Sijafika mlangoni, nikasikia: "Unaenda wapi na huo mkasi? Hizi sketi atamaliza nani?"

Tangu siku hiyo nafutwa kwa wastani wa mara mbili kabla ya saa nne asubuhi.

Mzee wa cherehani ya jirani, aliyewahi kuwa mtu wa chama cha wafanyakazi ujanani, akanihurumia. Akanisomea sheria kwa kichwa huku akitunga uzi. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 41: mwajiri akitaka kumwachisha mtu kwa kosa, kwanza amweleze sababu kwa lugha anayoielewa, na amsikilize mbele ya mwenzake aliyemchagua. Kwa lugha anayoielewa! Mjomba, nilikuwa na kesi safi kabisa. Nikauliza kuhusu matusi. Akasema kifungu cha 44 kinaruhusu mfanyakazi anayemtukana bosi afukuzwe bila notisi. "Na bosi akimtukana mfanyakazi?" Mzee akakata uzi kwa meno. "Hapo uende mahakama ya kazi. Ukirudi utakuta Madam ameshasahau mlikosania nini, anakuuliza kola."

Kisha likaja la mifuko. Hili kosa lilikuwa langu, nakiri. Nilipewa mashati 40 ya wavulana nibandike mifuko ya kifuani. Usingizi ukanichezea, nikaibandika yote upande wa kulia. Madam akaliinua shati moja juu, soko zima lione. "Kwani watoto wa Tanga moyo uko upande gani?" Yaliyofuata sitayaandika, barua hii husomwa mbele ya watoto. Alitaja kitambaa alichokopa, mwalimu anayekuja kesho asubuhi, na mama yangu mzazi.

Nikachukua wembe nikaanza kufumua. Mifuko 40, na ukikosea kidogo unatoboa kitambaa. Giza lilipoingia wenzangu wakaondoka. Nikamsikia mtu anavuta kigoda. Ni Madam, ana wembe wake. Hakusema neno. Tulifumua na kushona mpaka saa tatu usiku, na mifuko 23 kati ya ile aliimaliza yeye. Akafunga kibanda, akaniambia, "Pita njia yenye taa."

Mngedhani hapo nilisamehe. Wapi! Mnatujua sisi watu wa pwani: hatupigi kelele, tunanuna. Nilinuna siku tano. Nilijibu "ndiyo" na "hapana" kwa sauti tamu ya sumu. Nyuma ya daftari langu la vipimo niliorodhesha kila neno alilowahi kuniambia, pamoja na tarehe. Yalifika 14.

Ndipo Shangazi nilipokupigia simu, nawe ukasema mdomo haujibiwi kwa mdomo, unajibiwa kwa kanga. Ilifika kwa basi, nzuri, nyekundu, na maandishi yake makubwa: MWENYE KELELE HANA NENO. Nikaitandaza juu ya cherehani, maandishi yakielekea mlangoni, nikakaa kusubiri dawa iingie.

Madam alifika, akasimama, akasoma polepole midomo ikicheza. Soko likanyamaza. Hata mzee wa jirani aliacha kukanyaga cherehani.

"Hii leso umeniletea mimi?"

Ningesemaje? "Ndiyo, mama."

Akaishika, akaipapasa. "Mwenye kelele hana neno. Ni ukweli mtupu. Mimi nikishapiga kelele, moyoni sibaki na kitu. Nyumbani kwangu hawajawahi kunielewa. Wewe wa juzi tu umenielewa." Akajifunga kiunoni, akatuma kijana kwenye kibanda cha chakula, na tukala chapati na maharagwe sote kwa hesabu yake.

Shangazi, ile chapati haikushuka. Daftari langu lilikuwa pale pale mezani, na mambo yangu 14, na tarehe zake. Methali umeijua tangu utotoni, lakini hebu igeuze uisome upande wa pili: aliyenyamaza je?

Nimechana ule ukurasa. Na juzi Madam aliponijia juu kwa sababu ya sketi fupi, kwa mara ya kwanza sikununa. Nikasimama, nikasema kwa sauti ya kufika ng'ambo: "Madam, hizi sikukata mimi! Vipimo ni vyako, angalia daftari!" Akaangalia. Vilikuwa vyake. Nikangoja kufutwa.

"Kumbe una sauti," akasema. "Mwezi mzima nimekaa na wewe nikidhani nimeajiri pasi." Kisha akageuka. "Na kola ziko wapi?"

Kola zilikuwa tayari. Nisalimieni wote, na Shangazi, usitume kanga nyingine. Ile moja imeongeza kelele, sasa tunapiga wawili.

Mpwa wenu,
fundi wa Jericho