Mjomba, Kipilefti Kimeniponza

Hannover, Ujerumani

Mjomba,

Mimi huku ni mzima. Nakula, nalala, na baridi nimeizoea. Inayoumwa ni leseni yangu. Imepata alama moja, na alama za huku ni kama deni la dukani kwa Mangi: huzioni mfukoni mwako, ila ziko kwenye daftari la mtu na hazisahauliki.

Unakumbuka somo la kwanza ulilonipa nikiwa utingo wako wa likizo kwenye lile lori la Tunduma? Hukuanza na klachi wala breki. Ulisema, "Mpwa wangu, ukisahau yote, usisahau kukaa kushoto. Kushoto ndiko uzima uliko." Ukanizungusha kipilefti cha Msamvu, hapo Morogoro, mpaka kichwa kikaniuma, ukaniambia lile bango la Mwingereza la kuamuru watu wakae kushoto lilikuwa na nguvu hata likageuka jina la mzunguko wenyewe. Nasaha hiyo niliishika kuliko hesabu zote za darasani. Nikavuka nayo bahari.

Basi, Mjomba, ndiyo iliyoniponza.

Leseni yetu inakubalika hapa kwa miezi 6 tangu uhamie. Ikipita hiyo, ufanye mitihani yao. Mwezi wangu wa nne huku nikaazimwa gari na mwenzangu wa kazini, pale kwenye nyumba ya wazee ninakofanyia uuguzi, niende Hamburg kufuata unga wa sembe na dagaa. Ni kama kilomita 150. Usukani uko kushoto. Kila nikitaka kuwasha indiketa, mkono unakwenda kulia kwa mazoea ya gari la Mjapani, waipa zinaamka na kufuta kioo kikavu, kwiku-kwiku, na jua linawaka. Hilo nikavumilia. Nikaingia Autobahn, hii barabara yao kuu, namba A7, leni tatu za kwenda na tatu za kurudi, lami imenyooka kama imepigwa pasi.

Kwamba hawa huendesha upande wa kulia wa barabara, nilijua. Mimi si mshamba kiasi hicho. Lakini nikawaza: ndani ya huo upande wa kulia, mtu mwenye malezi si bado atakaa kushoto? Nikakata leni mbili, nikajituliza kushoto kabisa, kilomita 90 kwa saa, mikono miwili usukanini, naimba pambio.

Mara gari jeusi nyuma yangu likanipigia taa.

Mjomba, wewe na mimi tunaijua lugha ya taa. Ukiwa njia ya Iringa, dereva anayekuja akakupigia taa, maana yake trafiki wamejibanza chini ya mti na tochi yao. Huo ni undugu wa barabarani. Hapa taa zilitoka nyuma, lakini nikasema kila nchi na desturi zake. Nikapunguza hadi 80 na kutoa mkono dirishani kumshukuru. Akapiga tena. Huyu kweli mtu wa watu! Nikashuka hadi 70. Nilipotazama kioo, nyuma yangu magari yamefuatana kama tasbihi, na yote yananipigia taa. Sijawahi kupendwa vile na watu nisiowajua.

Aliyevunja mapenzi hayo ni polisi. Gari lao likaja mbele yangu, na kibao cha taa nyuma yake kikaandika kwamba niwafuate. Tukaenda kusimama kwenye maegesho. Wakashuka vijana wawili ambao wangeweza kuwa wadogo zangu.

"Kwa nini ulikuwa unaendesha kushoto?"

"Kwa sababu ndiyo sheria."

"Sheria ya wapi?"

"Ya mjomba wangu."

Yule mmoja aliandika. Sijui kama na wewe alikuandika.

Baada ya wiki kadhaa ikaja barua: kukaa kushoto na kuwazuia wengine, faini euro 80. Chini yake, gharama za kuandaa na kuleta barua yenyewe, euro 28.50. Yaani nimeadhibiwa na bahasha nimelipia. Na alama 1 imeandikwa Flensburg, mji wa kaskazini kabisa karibu na mpaka wa Denmark. Huko ndiko liliko daftari la madereva wakosaji wa nchi nzima. Zikifika 8, leseni inakwenda.

Mjerumani alipoondoka kwetu alituachia neno shule. Mwingereza akaja, akatuachia kipilefti. Mimi, mjukuu wao wote wawili, nikarudishwa shule kwa sababu ya kipilefti.

Miezi yangu 6 ilikuwa inakwisha, na mwalimu wa udereva niliyempata alikuwa mama mmoja mfupi, mpole, na upande wake wa abiria ana breki yake mwenyewe. Nilipomweleza falsafa yako alinyamaza kidogo, kisha akaniuliza: "Nyumbani kwenu, kuna mtu anatandika mkeka mlangoni?" Nikasema hakuna. Akasema, "Basi ile leni ya kushoto ni mlango."

Hapo ndipo nilipoanza kuelewa. Sheria yao inasema kaa kulia kadiri unavyoweza. Ukimkuta mtu wa polepole, toka kushoto, mpite, rudi. Na kumpita mtu kwa upande wa kulia ni marufuku. Ukijaribu nje ya mji ni euro 100 na alama nyingine, labda iwe foleni ya kutambaa. Kwetu, mtu akikaa katikati ya barabara unampita kulia, kushoto, hata kwenye vumbi, na maisha yanaendelea. Huku ukikaa kushoto umewafungia watu nyumba na ufunguo umeuweka mfukoni. Wale walionipigia taa hawakuwa na pa kupita. Walikuwa mahabusu wangu, nami nilikuwa nawapungia mkono.

Kisha akanionyesha kioo. Sehemu nyingi za barabara hizi hazina kikomo cha mwendo. Kuna kilomita 130 kwa saa inayopendekezwa, lakini ni pendekezo, kama lile la daktari kuhusu chumvi. "Unaona ile nukta?" aliniuliza. Nikaiona, mbali kabisa, kama nzi kwenye kioo. "Usitoke." Sikutoka. Nilihesabu moja, mbili, tatu. Nilipofika tisa nukta ikawa gari, na nilipofika kumi ilishatupita, gari letu likatikisika kama kibanda cha chipsi lori likipita. Sisi tulikuwa kwenye 120, na yule aliyetupita, mwalimu alimkadiria 220. Tofauti hiyo ya kilomita 100 kwa saa ni karibu mita 28 kila sekunde, Mjomba. Ukisema "ngoja nichungulie", umeshachelewa kuchungulia.

Na zile taa? Sheria inaruhusu, nje ya mji, kumpigia mtu taa kwa kifupi kumjulisha kwamba unataka kumpita. Kwa Kiswahili, ile ni hodi. Lakini hodi ina mipaka. Kwenye kilomita 100 kwa saa unatakiwa umwachie wa mbele yako mita 50, yaani nusu ya namba inayosomeka kwenye dashibodi. Ukimng'ang'ania mgongoni huku unammulika mfululizo, hiyo huitwa kumshurutisha mtu, na unaweza kufikishwa mahakamani. Huku mpiga hodi naye anachungwa.

Sasa nisikilize hili, maana hapa tena umehusika. Wewe ndiye uliyenifundisha kwenye mlima Kitonga kwamba lori la mbele likiwasha indiketa ya kulia, tulia, kuna gari linashuka. Likiwasha ya kushoto, njia nyeupe, pita. Basi siku ya somo la tatu tuko nyuma ya lori refu la Kipolandi, nalo likawasha ya kushoto. "Ahsante sana, mkubwa," nikamwambia kwa Kiswahili, nikakanyaga mafuta kwenda kumpita. Mwalimu naye akakanyaga breki yake, dagaa wangu wote wa asubuhi wakapanda hadi kooni. Lori lilikuwa halinikaribishi. Lilikuwa linatoka lenyewe!

Lilitoka ili limpite lori mwenzake, na hapo nikaona mchezo ambao Wajerumani wanauita mbio za tembo. Malori makubwa yanatakiwa yasizidi kilomita 80 kwa saa. Sasa mmoja yuko kwenye 80, mwingine kwenye 82, na huyu wa 82 ameona maisha ni mafupi. Tofauti ya kilomita 2 kwa saa ni kama nusu mita kwa sekunde. Mnyama wa mita 16 ampite mwenzake wa mita 16, aache nafasi nyuma na mbele, ni dakika na dakika. Kwetu wapiganapo tembo ziumiazo ni nyasi. Huku wanapokimbizana, tunaoumia ni sisi wa nyuma. Nafuu ni Jumapili, siku ambayo malori yanayozidi tani 7.5 hayaruhusiwi barabarani hadi saa 4 usiku. Tembo hupumzika, watu wakaenda kwa bibi zao.

Mtihani nilifaulu, Mjomba. Ule wa nadharia unaweza kuufanya kwa Kijerumani au kwa lugha kadhaa za kigeni, Kiarabu kimo, Kituruki kimo, Kiswahili hakimo. Nilijibu kwa Kiingereza huku nawaza kwa Kiluguru.

Ila lililonikaa moyoni si mtihani. Ijumaa moja jioni narudi Hannover, foleni ikasimama kabisa. Nikatulia nimsubiri wa kwanza kutanua, maana pembeni kuna njia ya dharura tupu, pana, inayomshawishi hata shemasi. Hakutanua mtu. Badala yake magari yakaanza kusogea taratibu, king'ora hakijasikika bado: wa leni ya kushoto kabisa wakabana kushoto, wengine wote wakabana kulia, na katikati barabara ikafunguka kama nywele zilizotiwa njia. Wanakiita kichochoro cha uokozi. Asiyekifungua analipa kuanzia euro 200, anapata alama 2, na leseni yake inapumzishwa mwezi mmoja. Baadaye kidogo ikapita ambulensi, ikafuata gari la zimamoto. Nyuma yao nikangoja zile bodaboda tatu, Noah moja na msafara wa harusi. Hakuna. Njia ilibaki wazi, watu wamezima injini, wanatazama mbele.

Na mimi siku hiyo, Mjomba, nilikuwa leni ya kushoto. Kwa mara ya kwanza katika nchi hii sheria iliniamuru: kijana, kaa kushoto. Nilikaa kushoto kwa moyo wangu wote, nikabana mpaka kioo cha pembeni kikabaki vidole viwili kugusa ukingo wa chuma. Nilikukumbuka sana.

Nimegundua kwamba nilikuwa naichukulia ile leni kama njia ya mwendokasi pale Dar, kwamba ina wenyewe. Haina. Mwenye gari la bei ya nyumba tatu anaipita kama mbio za kuku, halafu anarudi kulia kukaa na sisi wenye magari ya kuazima. Wengine hawarudi, wapo, na Wajerumani wenyewe kwa wenyewe wanalaaniana huko kila siku. Ila hata wanaolaaniana wote wanajua nani ana haki ya kulaani.

Wiki iliyopita nikiwa natoka tena Hamburg na dagaa wangu, mbele yangu kushoto kabisa kuna gari dogo la bluu, kilomita 90 kwa saa, limetulia kama liko sebuleni. Kulia kwake kweupe. Nikaacha mita zangu, nikampigia hodi moja fupi, kwa adabu. Akapunguza mwendo. Kisha dirisha likashuka, mkono ukatoka, ukanipungia.

Nilicheka mpaka machozi. Sikuona namba ya gari wala sura, lakini nilijua kuna mjomba wa mtu amehusika.

Desemba nakuja, Mungu akipenda. Tafadhali njoo unipokee Dar na funguo zishike wewe mwenyewe mpaka Morogoro, mimi mikono yangu imeshageuzwa, nitawasha waipa na kumpita mtu kusikopitika. Nitapanda kiti cha abiria, nifunge mkanda, ninyamaze.

Yaani nitakaa kushoto, kama ulivyonifundisha.

Wako mtiifu,
Mpwa wako, utingo wa zamani