Ushauri kwa Wanaosumbuliwa na FLAC

FLAC ni mfumo wa kufungasha sauti bila kutupa kitu. CD hubeba sampuli 44,100 kwa sekunde kwa kila chaneli kati ya mbili za stereo, kila moja ya biti 16, na hula takriban MB 10 kwa dakika. FLAC, iliyotoka mwaka 2001, hupunguza mzigo huo hadi karibu nusu, na ikifunguliwa sauti hurudi kama ilivyokuwa. MP3 hupunguza kwa kutupa kile ambacho sikio linadhaniwa halitakikosa. Wapenzi wa roki ya jukwaani ndio wanaolalamika zaidi, na wana haki: MP3 ikibanwa mno, matoazi na makofi ya watazamaji husikika kama vitumbua vikikaangwa.

Msomaji mmoja, aliyenunua hedifoni kwa bei ya mbuzi wawili, anasikia mikwaruzo katika Live at Leeds ya The Who na anashuku faili lina virusi. Halina. Onyesho hilo lilirekodiwa tarehe 14 Februari 1970 katika bwalo la Chuo Kikuu cha Leeds, mikwaruzo ikaingia palepale, na lebo ya santuri ya kwanza ikaagiza isirekebishwe. Toleo la 1995 ndilo lililosafishwa kwa kompyuta. Asiyeitaka mikwaruzo atafute hilo.

Mwingine amegeuza MP3 zake zote kuwa FLAC na hasikii tofauti. Faili limenenepa tu; kilichokwisha kutupwa hakirudi. Hata mwenye FLAC halisi akisikiliza kwa Bluetooth, mara nyingi sauti hubanwa upya njiani. Dawa ni waya, au CD yenyewe.

Wa tatu anasifu ukweli wa jukwaa anaousikia katika Live and Dangerous ya Thin Lizzy (1978). Prodyuza wake, Tony Visconti, alisema sehemu kubwa ilirudiwa studio. Baadhi ya wanabendi walibisha, na ubishi haujaisha. FLAC haiwezi kuamua kesi hiyo. Atakayeepuka ugomvi achukue Made in Japan ya Deep Purple, iliyorekodiwa Osaka na Tokyo Agosti 1972.

Wanaoapa kwamba husikia tofauti kati ya FLAC na MP3 ya kbps 320 wasawazishe sauti, wafumbe macho, mtu mwingine achague faili. Wafanye hivyo kabla ya kuandika barua nyingine.