Simu ya Bibi na Mlio wa Saa Tisa Usiku

Nyumbani kwetu Tanga, simu ikilia usiku wa manane hakuna anayetarajia heri. Habari njema husubiri kukuche. Usiku huletwa habari za mgonjwa aliyezidiwa, za ajali na za msiba. Ndiyo maana mlio mmoja wa saa hizo huwainua wote vitandani, na kila mtu hutoka chumbani na jina la ndugu fulani moyoni.

Msimu ule sote tulikuwa na jina moja. Wifi yangu mkubwa alikuwa amelazwa Dar es Salaam baada ya upasuaji wa tumbo, na mumewe ndiye aliyetupasha habari. Alizituma moja kwa moja kwenye simu ya mama mkwe wangu, kwa sababu mama hakutaka kusikia hali ya mwanawe kupitia mdomo wa mtu mwingine. Simu yenyewe ni ya Android 11, zawadi ya wanawe. Mchana wajukuu waliizunguka kwa ajili ya michezo. Usiku ililala juu ya kigoda kando ya kitanda chake, sauti ya mlio imefunguliwa mpaka mwisho.

Usiku mmoja ikalia. Mlio ulikuwa mfupi, uleule wa ujumbe. Nilimsikia mama akisema, "Ya Rabi, mwanangu!" Mume wangu alifika mlangoni kwake bila kandambili, nami nyuma yake, na watoto nyuma yangu. Mikono ya mama ilitetemeka, miwani haikuonekana, basi binti yetu wa kidato cha tatu akaichukua simu. Alisoma kimya kwanza, uso ukakunjuka, kisha ukakunjamana tena.

"Bibi, si shangazi. Ni mchezo. Unasema maisha yako yamejaa tena, uje ucheze."

"Maisha ya nani?" mama akauliza.

"Ya kwenye mchezo, bibi."

Hakuna aliyecheka. Mama alikaa ameshika kifua mpaka adhana ya alfajiri. Mtu anayesubiri habari za uhai wa mwanawe alikuwa ameamshwa na peremende za kuchorwa.

Asubuhi, kwenye chai na mihogo, ushauri ulimiminika. Wa kwanza ulikuwa wa mume wangu: simu iwekwe kimya usiku. Mama aliukataa palepale. "Mkiinyamazisha, mwanangu akinihitaji nitajuaje?" Alikuwa na haki. Kuizima sauti ya simu nzima ni kuwanyamazisha watu pamoja na vitu, na sisi tulitaka kuwasikia watu.

Jirani akashauri tuzime data. Mume wa wifi alikubali kwamba kukiwa na jambo usiku atapiga simu ya kawaida, hivyo data ikazimwa kabla ya kulala. Usiku uleule simu ikalia tena. Tulidhani ni mazingaombwe, mpaka tukaelewa jinsi mambo haya yanavyofanya kazi. Arifa nyingine hutumwa na seva ya kampuni kupitia intaneti, na hizo huzuilika data ikizimwa. Nyingine hupangwa na mchezo wenyewe ndani ya simu. Mchezaji anapoufunga, mchezo hupiga hesabu ya saa ambayo maisha yatakuwa yamerudi, ukaiachia simu agizo la kulia wakati huo. Agizo hilo halihitaji intaneti.

Mlio ule haukuwa na saa moja maalumu. Mara saa nane, mara saa tisa, mara karibu na alfajiri. Mama alianza kukonda. Mchana alisinzia akichambua mchele, usiku akakaa macho akiitazama simu.

Tukaipeleka kwa fundi karibu na soko. Aliigeuza, akasema dawa ni kuirudisha ilivyotoka kiwandani. Mume wangu akauliza kama picha zitabaki. Fundi akasema zitaondoka. Humo mlikuwa na picha za marehemu baba mkwe wangu ambazo hazikuwekwa mahali pengine popote. Tuliichukua simu yetu tukarudi nyumbani.

Hapo lawama zikatafuta pa kuangukia, na zikaangukia kwa mdogo. Kitinda mimba wetu ana miaka minane, na kila mchezo uliomo katika simu ile aliuweka yeye: wa magari, wa mpira, wa shamba lenye kuku, na ule wa kupanga peremende. Baba yake alimwita sebuleni. "Nani anacheza na simu ya bibi usiku?" Mtoto akaapa si yeye. Baba akasema michezo yote ifutwe. Mtoto akalia kwa uchungu ambao mtu mzima ni rahisi kuudharau. Mchezo wa shamba ulimpa zawadi kila siku aliyoufungua, na zawadi ilikua kadiri siku zilivyofuatana. Akikosa siku moja, hesabu inaanza upya. Alikuwa amelea kuku wake kwa subira.

Binti yetu akaingilia. "Baba, tusifute kitu kabla hatujajua kinacholia. Nipe usiku mmoja tu."

Alifungua Mipangilio, akaingia kwenye Arifa, akawasha historia ya arifa. Huduma hiyo ilikuja na Android 11 mwaka 2020, na katika simu nyingi huwa imezimwa mpaka mwenyewe aiwashe. Ikiwa wazi, huandika arifa zote zilizoingia katika saa 24, programu iliyozileta na wakati wake, hata kama mtu amekwisha kuzifagia kwenye kioo.

Asubuhi alituonyesha. Mchezo wa peremende ulilia 3:02, yaani saa tisa na dakika mbili usiku. Binti akachukua kalamu. Mchezo ule humpa mchezaji maisha matano. Yanapopotea, moja hurudi kila baada ya dakika 30. Yakiisha yote, kujaa tena huchukua saa mbili na nusu. Kwa hiyo aliyecheza alimaliza maisha yake mnamo saa sita na nusu usiku, na saa sita na nusu mdogo wake alikuwa amelala chumba kimoja naye, mguu wake juu ya mto wa dada.

Kimya kikatanda. Kisha mama akaweka kikombe chini.

"Mwacheni mtoto. Mimi ndiye."

Alituambia yote. Tangu mwanawe alazwe, usingizi ulimkimbia. Alisoma nyiradi zake, akaomba dua mpaka akakauka mdomo, na usiku bado ulikuwa mrefu. Mjukuu alikuwa amemfundisha kupanga peremende, akaona zinamtuliza mawazo. Alicheza gizani, akapunguza sauti ya mchezo ili asituamshe, mpaka maisha yakaisha na macho yakawa mazito. Hakujua kwamba sauti ya mchezo na sauti ya arifa zina vidhibiti viwili tofauti ndani ya simu. Ya kwanza aliipunguza. Ya pili ilibaki juu, ikamngoja apate usingizi.

Mume wangu alishuka kutoka kwenye kiti akapiga magoti mbele ya mama yake. "Mama, hapa hapana kosa. Ungetuambia tukae nawe." Kisha akamgeukia mtoto, akamwomba radhi mbele yetu sote. Mtoto alimkimbilia bibi yake badala ya baba, na hilo lilikuwa sawa.

Baada ya hapo swali lilibadilika. Mchezo haukuwa adui. Ulimsaidia mama kuvuka saa ngumu. Kilichomuumiza ni mamlaka ya mchezo kumwita wakati hajauita. Tukaamua mchezo ubaki, haki ya kulia iondolewe.

Binti alifanya kazi hiyo huku bibi yake akitazama, kisha akamrudishia simu ili aifanye mwenyewe. Njia ni hii: arifa ikitokea, usiifagie haraka. Iguse uishikilie, nayo itakuonyesha jina la programu iliyoileta pamoja na nafasi ya kuifanya iwe kimya au kuizima kabisa. Kama arifa imekwisha kupita, fungua Mipangilio, kisha Programu, chagua mchezo wenyewe, ingia kwenye Arifa, uzime. Tangu Android 8 ya mwaka 2017, programu inaweza kugawa arifa zake katika makundi, na ndani ya michezo tulikuta kundi la maisha yaliyojaa, la zawadi za kila siku na la matangazo ya ofa. Anayetaka kubaki na moja huzima mengine. Mama alizima yote, akashusha pumzi. Katika mchezo wa shamba, kitinda mimba aliomba arifa za zawadi zibaki, naye akakubali zije bila mlio.

Tulidhani tumemaliza, kumbe historia ya arifa ilikuwa na mengine ya kusema. Arifa za michezo ya bahati na "umeshinda" zilikuwa na alama ya kivinjari, wala hazikutoka kwenye mchezo wowote. Mtoto alikuwa akitafuta matokeo ya mpira, tovuti ikamuuliza kama anaruhusu arifa, akabonyeza Ruhusu ili ukurasa ufunguke. Arifa za namna hii haziishi hata ukifuta kila mchezo. Kwenye Chrome unagusa nukta tatu, ukaingia Mipangilio, kisha Mipangilio ya tovuti, kisha Arifa, ukaziondolea ruhusa tovuti usizozihitaji. Kundi jingine lilitoka kwenye duka la programu lililokuja na simu yenyewe, likipendekeza michezo mipya. Duka hilo halikukubali kusaniduliwa, lakini lilikubali kuzimwa arifa.

Mwisho binti aliwasha Usinisumbue kwa saa za usiku, akawawekea nyota wanawe mama na mume wa wifi, ili simu na ujumbe wao vipite na vingine vyote vinyamaze. Akawasha pia ruhusa ya anayerudia kupiga, ambayo humpitisha mtu yeyote akipiga mara ya pili ndani ya dakika 15. Jirani mwenye dharura hatafungiwa nje.

Usiku ule mama alilala. Siku chache baadaye simu ililia kabla ya saa tano usiku, na mlio ule ulikuwa wa kweli: wifi ameruhusiwa, kesho yake anatoka wodini. Alikuja Tanga kupumzika, akafundishwa peremende na mama yake.

Nimelitafakari jambo hili sana tangu siku zile. Michezo mingi hupakuliwa bure, na watengenezaji hulipwa kwa matangazo tunayoonyeshwa na vitu vinavyouzwa ndani yake. Kila tunaporudi wanapata nafasi ya kuuza, kwa hiyo kutuita ni sehemu ya biashara yao. Sina ugomvi na biashara. Lakini mgeni mwenye adabu hubisha hodi akangoja kukaribishwa, na simu nyingi zilizo mikononi mwa wazee wetu hazikuwekewa hodi hiyo. iPhone zimekuwa zikidai programu iombe ruhusa tangu arifa za namna hii zilipoletwa humo mwaka 2009. Upande wa Android, ni kuanzia toleo la 13 la mwaka 2022 ndipo programu mpya ilipolazimika kuomba kabla ya kumpigia mtu kelele. Simu ya zamani ambayo haikupata toleo hilo huuachia mchezo mlango wazi tangu siku unapowekwa.

Mlio wa simu ni amana. Mama anayesubiri habari za mwanawe, mlinzi anayelala mchana, mgonjwa aliyepata usingizi kwa taabu, wote wanaamini kwamba simu ikilia kuna mtu anawahitaji. Imani hiyo ikichezewa mara nyingi, hutokea moja kati ya mawili: mzee ataishi na hofu, au atazoea kutoitika. Siku atakayoitwa na binadamu mwenye shida, simu italia bure.

Kwa hiyo nakuomba wewe unayesoma. Leo, kabla ya kulala, chukua simu ya mama yako, ya baba yako au ya bibi yako, kwa ruhusa yake. Washa historia ya arifa. Kesho kaeni pamoja mtazame nani alimwita usiku, mzime visivyo na haki ya kumwita, na muwawekee nyota watu wake. Mfanye ashike simu mwenyewe kwa kila hatua, ili mchezo mpya ukiingia aweze kuuzima bila kukungoja. Na watoto wafundishwe kwamba tovuti ikiuliza kuhusu arifa, jibu la nyumbani ni kukataa. Kazi yote haizidi muda wa kuivisha chai.